Maneno ya Wilf Mlangoni

Swinmoor, Kaunti ya Durham
Novemba 9, 1961

Mdogo wangu Stan,

Barua yako ya kuomba radhi niliipata wiki tatu zilizopita, nikaiweka nyuma ya saa mpaka leo nilipopata nguvu ya kushika kalamu. Mama hajambo, ila miguu inamvimba. Anakusalimu na anauliza kama unakula. Judith ametimiza miaka miwili. Bado anakwenda dirishani saa ya wanaume kurudi kutoka mgodini. Simzuii.

Hukuja mazikoni. Umesema ulikuwa na kazi ya siku mbili kwenye filamu, na kama ungeondoka wangemchukua mwingine. Hukusema kazi gani, nami siulizi. Watu walipouliza Stan yuko wapi nilijibu yuko studio, wakatikisa vichwa kama vile nimesema yuko Australia. Walizikwa watatu siku moja, Wilf wangu akiwa wa mwisho, bendi ya mgodi ikipiga kwenye mvua.

Umeniuliza asubuhi ile ya mwisho ilikuwaje. Hapa hakuna aliyeniuliza. Wananiletea keki na kuzungumza habari za hali ya hewa. Basi nitakuambia wewe, kwa kuwa wewe ni damu yangu, na kwa kuwa uko mbali sitalazimika kukutazama usoni.

Tuligombana Jumapili. Jambo lenyewe la kipuuzi: alishinda bustanini na mboga zake za mashindano badala ya kuja kwa mama kunywa chai. Nikamnunia. Jumatatu nilimwekea chakula mezani bila neno, akala, akavaa, akatoka. Kisha akarudi. Alikuwa amesahau kopo lake la mkate. Akasimama mlangoni, akavua kofia, maana hakuwahi kuingia ndani na kofia kichwani hata kwa dakika moja, akasugua sikio la kushoto kwa kidole gumba, akasema, "Nikirudi, Hilda, utakuwa umemaliza kununa?"

Sikumjibu, Stan. Nilikuwa nimempa mgongo, naosha vyombo. Nilitaka kucheka, huo ndio ukweli, nikajizuia ili asijue ameshinda. Nikasikia mlango. Saa nane mchana paa la mgodi likaanguka.

Mama hajui hili. Hakuna anayejua. Ukimaliza kusoma, ichome.

Dada yako,
Hilda


Kilburn, London
Desemba 2, 1961

Dada yangu Hilda,

Nakusalimu kutoka chumba kilekile chenye dirisha lisilofunga. Mwambie mama nakula, tena vizuri, mwenye nyumba wangu anapika maini kila Jumatano nipende nisipende. Mbusu Judith kwa niaba ya mjomba wake.

Barua yako nimeisoma mara nne. Sijui la kusema. Kwa kazi yangu mtu angedhani najua.

Shemeji ndiye mtu pekee Swinmoor ambaye hakunicheka nilipoondoka kwenda kujifunza kuigiza. Wenzake waliniita Mheshimiwa. Yeye alinibebea sanduku mpaka stesheni akasema, "Wakikuuliza unatoka wapi, usidanganye." Nimedanganya miaka kumi na miwili. Nimejifunza kuongea kama watu wa kusini, nimejiita Stephen Pallister, na kwa yote hayo nimekuwa mhudumu wa kubeba trei, polisi wa tatu kutoka kushoto, karani wa kusema "Bwana anakusubiri." Nina miaka thelathini na minne.

Hukuniuliza kazi ile ilikuwa gani, lakini nitakuambia. Niliigiza maiti. Siku mnayomzika Wilf nilikuwa nimelala juu ya meza, nimefunikwa shuka hadi kidevuni, na mwongozaji ananigombeza kwamba kope zangu zinatetemeka.

Barua nimeichoma.

Mdogo wako,
Stan


Kilburn
Machi 18, 1962

Dada mpenzi,

Natumaini kifua cha mama kimepoa, na kwamba Judith ameipenda ile sweta ya sufu niliyomtumia. Mimi mzima, ila silali vizuri kwa furaha.

Nimepata sehemu, Hilda. Sehemu kubwa, mchezo wa televisheni wa saa moja na nusu, na jina langu litakuwa la kwanza. Ni habari za watu wa kaskazini. Zaidi ya hapo mwandishi hapendi tuseme. Mwongozaji alinisikia nikimjibu mama wa chai, lafudhi ya nyumbani ikanitoka bila kukusudia, akageuka akasema, "Hiyo umeitoa wapi? Iache hapohapo."

Nina ombi. Niandikie habari za Wilf. Si za kifo, za siku zote. Alitembeaje, alifungaje skafu, alikaaje akichoka. Nimemkumbuka mno siku hizi.

Wako,
Stan


Swinmoor
Aprili 1, 1962

Stan mpenzi,

Mama amepona, anawasengenya majirani kama kawaida. Judith hataki kuvua hiyo sweta hata wakati wa kuogeshwa.

Leo umenifanya nicheke, mara ya kwanza tangu Septemba. Nilikaa na karatasi hii nikamwona mbele yangu. Ngazi alizishuka kwa mguu wa kushoto kwanza, polepole, kama mtu anayepima maji ya kuoga, kwa sababu ya lile goti aliloumia akiwa kijana. Skafu aliifunga mara moja tu, ncha akaichomeka chini ya ukanda wa suruali. Akichoka aliweka kiganja juu ya meza akakitazama, kana kwamba kuna mtu amekisahau pale. Kanisani aliimba kwa sauti kubwa maneno yasiyo sahihi, mchungaji akawa anamkodolea macho, na yeye akidhani anasifiwa.

Hapa mtu akilitaja jina lake mbele yangu, wenzake wanamkanyaga mguu. Wewe peke yako ndiye unayeniuliza. Mungu akubariki kwa hilo.

Bi. Nattrass wa jirani amenunua televisheni. Ametualika sote siku yako ikifika.

Dada yako anayekuonea fahari,
Hilda


Swinmoor
Juni 12, 1962

Stan,

Tulikuwa watu kumi na wanne sebuleni kwa Bi. Nattrass. Mama alipewa kiti cha mbele.

Uliposhuka ngazi kwa mguu ule, watu walicheka kwa furaha. Mzee Coulson alisema, "Tazameni, Wilf mtupu." Nami nilifurahi, Mungu anisamehe. Kwa dakika ishirini nilikuwa na mume.

Kisha ukarudi kuchukua kopo. Ukavua kofia, ukasugua sikio, ukayasema. Na yule mwanamke, simjui jina, akaendelea kuosha vyombo amekupa mgongo, na kamera ikamsogelea usoni mpaka nchi nzima ikaona kwamba hajibu.

Sikugeuka, lakini nilijua wote hawaitazami tena televisheni.

Tulipokuwa tunarudi mama alinishika mkono. Tulifika nusu ya njia. Halafu akauliza, "Hukumjibu, mwanangu?"

Nikasema, "Sikumjibu."

Akasema, "Haya." Ndiyo yalikuwa mazungumzo yetu yote.

Uliponiuliza alivyotembea nilidhani unampenda.

Nataka kitu kimoja kwako, kisha sitaki kingine. Hakikisha mchezo ule hauonyeshwi tena. Na usiniandikie.

Hilda


Kilburn
Juni 20, 1962

Dada,

Najua umenikataza. Soma hii moja tu.

Sikuichoma ile barua. Niliiweka kwenye mfuko wa koti, na koti hilo ndilo nililovaa mazoezini. Maneno ya mwandishi yalikuwa ya mtu aliyeuona mgodi kwenye gazeti. Mume alitakiwa aseme kitu kirefu kuhusu giza na jua. Siku ya tatu nilisimama kwenye ule mlango wa mbao usio na nyumba, nikafungua kinywa, yakatoka ya Wilf. Chumba kizima kikanyamaza. Mwandishi akainama akayaandika. Mwongozaji akamwambia yule mwigizaji wa kike, "Na wewe usijibu kitu. Endelea kuosha."

Hapo ningeweza kusema, hapana, hayo si yangu. Ilihitaji sentensi moja. Miaka kumi na miwili nimengojea chumba kinyamaze namna ile kwa ajili yangu, Hilda. Sikuisema.

Nilimpenda. Lakini si ndiyo sababu niliyokuuliza.

Stan


London
Januari 15, 1963

Dada,

Heri ya mwaka mpya kwako, kwa mama na kwa Judith. Kifurushi cha Krismasi kimerudi bila kufunguliwa, kwa hiyo sijui kama hii itasomwa.

Nimepewa tuzo ya mwigizaji bora wa mwaka. Nimepewa pia kipindi changu, Inspekta Garrick, kila Ijumaa kuanzia Aprili. Nimehama Kilburn. Watu wananisimamisha barabarani.

Kampuni ilitaka kuurudia mchezo ule mwezi wa tatu. Kwa mkataba, mwigizaji mkuu lazima akubali. Nimekataa kwa maandishi. Wakala wangu, Lorimer, aliniambia usoni, "Huo ndio uliokutoa kwenye trei, mpumbavu wewe." Sikumweleza kitu. Hautaonyeshwa tena. Hilo ulilotaka limefanyika.

Stan


Swinmoor
Februari 4, 1968

Kaka Stan,

Natumaini hujambo. Sisi ni wazima. Mgodi unafungwa mwishoni mwa mwaka, nusu ya mtaa wanazungumzia kuhamia viwandani kusini. Mimi sasa napika katika shule ya Judith.

Tangu tulipomzika mama hatujasemeshana, na hata siku ile tulisemeshana habari za sandwichi tu, huku watu wakikuletea karatasi utie saini. Miaka mitatu hiyo. Sikuandikii leo kwa ajili yangu.

Judith ana miaka minane sasa. Anakutazama kila Ijumaa ukiwakamata wezi, na nimemwacha. Mwezi uliopita msichana mmoja darasani alimwambia, "Mama yangu anasema baba yako alionyeshwa kwenye televisheni." Alikuja mbio jikoni, hata koti hajavua. Akauliza, ni kweli? Nikamweleza kwamba alikuwa mjomba, akimwigiza baba. Akauliza, "Alimwigiza sawasawa?"

Nikasema, sawasawa kabisa.

Tuna picha mbili za Wilf. Ya arusi amefumba macho. Ya pili ni ya timu ya mpira, ana kichwa kama punje ya dengu. Judith hana anachokikumbuka. Ameniuliza sauti ya baba ilikuwaje, nikajaribu kuigiza, akanitazama kwa huruma.

Nilikuomba mchezo ule usionyeshwe tena. Sasa nakuomba tofauti. Sitaki uonyeshwe kwa watu. Nataka tu mtoto auone mara moja. Tutapanda treni tuje, kama hapo studio kuna chumba na mtu wa kuwasha mashine. Nitakaa nje.

Hilda


London
Machi 10, 1968

Dada Hilda,

Nimekaa na barua yako mwezi mzima. Nakusalimu, nakushukuru kwa kuniandikia, na ningetoa chochote nisiijibu.

Haupo. Kanda za televisheni ni ghali, na kampuni huzifuta ili zitumike tena, isipokuwa kama mchezo unangoja kurudiwa. Barua yangu ya kukataa ilipofika kwenye faili, hapakuwa na sababu ya kuutunza. Walinitumia fomu Juni 1963, kuuliza kama nina pingamizi. Nilitia saini nikiwa kwenye kiti cha kupakwa vipodozi. Sikusoma mpaka mwisho, au nilisoma, sikumbuki, nadhani nilifurahi. Nilijisemea, sasa Hilda atajua nimetimiza alichotaka.

Baada ya barua yako nilikwenda ghalani kwao mwenyewe. Kijana wa pale alinifungulia daftari. Juu ya kanda ile walirekodi mashindano ya kupamba keki, kisha nayo wakayafuta. Nilimwuliza kama kuna nakala popote. Alidhani natafuta sifa zangu. Akasema, "Pole, Bwana Pallister, usijali, wewe bado uko hewani."

Nako huko pia siko kwa muda mrefu. Inspekta anapigwa risasi mwezi wa saba. Wanataka mtu mdogo kwa umri.

Mwambie Judith kosa ni langu. Ni langu kweli.

Stan


Swinmoor
Machi 24, 1968

Stan,

Salamu zote baadaye.

Sikumwambia hivyo. Nilimwambia kanda imeharibika. Akalia kidogo, kisha akasema, "Lakini mjomba hajaharibika."

Basi njoo. Fanya hapa jikoni. Mlango ni uleule, na kofia ninayo.

Hilda


London
Aprili 2, 1968

Dada,

Nitafika Jumamosi ya tarehe 20, treni ya saa sita mchana. Usitegemee sana. Nimenenepa. Wilf alikuwa na miaka thelathini na miwili, mimi nina arobaini. Na ile sauti sijaitumia tangu siku ile.

Stan


Swinmoor
Mei 5, 1968

Mdogo wangu,

Natumaini ulifika salama na mafua yamekuacha. Judith anakusalimu. Amekutafutia kifungo cha koti lako chini ya sofa, nimekiweka ndani ya bahasha hii.

Hatukusema kitu siku ile. Tulisema habari za treni. Kwa hiyo naandika.

Nilikuona kupitia dirisha ukiwa nje, umesimama karibu na banda la makaa, umefumba macho. Judith alikuwa amekaa kwenye kiti cha mama, mikono mapajani kama yuko kanisani. Hakuna aliyeniambia nisimame kwenye sinki. Nilijikuta niko pale, na vyombo vilikuwa visafi.

Sasa nikuambie nilichokuwa nimekipanga. Tangu uliposema utakuja nilikuwa na jibu. Nililifanyia mazoezi shuleni nikimenya viazi, wenzangu wakadhani nasali. Ulipoingia nilisikia miguu, nikasikia kofia inavuliwa, nikasikia swali lile kwa sauti ile, na nikafungua kinywa. Hakikutoka kitu. Sijui ulisubiri muda gani. Wewe ni fundi, ulisubiri vizuri.

Ndipo Judith akasema, "Mimi sijanuna, baba."

Nilipogeuka ulikuwa umekaa kwenye kizingiti, umetugeuzia mgongo, na mabega yako yanatetemeka. Sikuja. Nilimwacha mtoto akupelekee chai. Nisamehe kwa hilo, maana nilikuwa nimeshika sinki, nikiliachia naanguka.

Siku hiyohiyo, ulipokwisha kuondoka, aliniuliza kama baba alikuwa hivyo hasa. Nikasema ndiyo. Kaka, ukweli ni kwamba sijui. Nimejaribu kila siku tangu hapo. Namwita Wilf asimame mlangoni, anakuja mtu mwenye kofia ya Wilf na shingo yako. Wakati mwingine anakuja yule wa sebuleni kwa Bi. Nattrass, wa rangi ya kijivu, mdogo kama kitabu. Nikimsikiliza, sauti ni yako. Jambo nililolishika mkononi miaka saba nimelishika sana mpaka limefutika. Nilikuwa tayari kukulaumu kwa hili pia. Lakini ni mimi niliyekuita.

Usidhani nimekusamehe yote. Kuna siku naamka nikiwa nimekusamehe na kufikia chai ya saa kumi sijakusamehe tena. Nadhani itakuwa hivyo. Mama amekwenda, Mzee Coulson amekwenda, watu wa mgodi wanahama, na nikitazama huku na huku naona kwamba mtu mwingine aliyemjua mume wangu hata akajua alivyoshuka ngazi ni wewe.

Umesema inspekta anapigwa risasi mwezi wa saba. Basi mwezi wa nane utakuwa huna kazi. Njoo ukae. Chumba cha mama kina unyevu, lakini kitanda ni kizuri. Judith atataka kukupeleka ufukweni kuokota makaa yanayoletwa na maji, vaa viatu vibovu. Hatutakuomba uigize chochote.

Dada yako,
Hilda